Sauti ya Mke wa Raghu

Kila alipoingia kwenye chumba kigeni, Ismail alipiga kofi moja. Hakulipiga kwa nguvu. Alikutanisha viganja mara moja, kisha akainamisha kichwa na kusikiliza sauti inavyorudi kutoka ukutani. Majirani zake wa Chang'ombe walishazoea. Wageni walidhani anaua mbu.

Kazi yake ilikuwa kuingiza maneno ya Kiswahili kwenye filamu za nje, na chumba kinachovuma huharibu kazi hiyo. Chumba chake mwenyewe kilikuwa nyuma ya karakana ya kuchomelea mageti, na kuta zake zote zilibandikwa trei za mayai kuanzia sakafuni mpaka darini. Trei hizo walizibandika wawili, yeye na mkewe Yasmini, mwaka waliooana. Yasmini alipaka gundi, Ismail akashindilia. Tangu hapo filamu zao zilikuwa na sauti mbili: ya Ismail kwa wanaume, majambazi na mapolisi, na ya Yasmini kwa wanawake wote, kuanzia bibi harusi mpaka mama mkwe mkorofi. Nje ya chumba kile Ismail aliongea taratibu mpaka muuza duka akamwomba arudie. Ndani, akishika kipaza sauti, angeweza kuwa jenerali.

Kisha mama yake Yasmini, Bi Somoe, akapata kiharusi nyumbani kwake Bunju. Yasmini alikuwa mtoto pekee. Alifungasha nguo chache akasema, "Nitakaa mpaka apate nafuu." Bi Somoe alipata nafuu ya kuongea na kukaa kitini, lakini si ya kutembea. Masika ikapita, ikaja nyingine. Yasmini hakusema anarudi, na Ismail hakuuliza. Aliona kwamba kumuuliza mtu atarudi lini kutoka kwa mama yake mgonjwa ni kama kumuuliza mama yake atakufa lini. Basi kila jioni alipopiga simu aliuliza mambo mengine.

"Mvua imenyesha huko?"

"Imenyesha kidogo."

"Na mama?"

"Mama hajambo."

"Haya. Msalimie."

Mara moja moja alikwenda kuwaona, amebeba machungwa na dawa. Alikaa ukumbini, nje ya pazia la sebule, kwa sababu kwa watu wa kusini kama wao mkwe wa kiume hakai chumba kimoja na mama mkwe wake, sembuse kumtazama usoni. Alimsalimia kupitia pazia, akanywa chai aliyoletewa, akaaga kabla ya Magharibi. Akifika Chang'ombe alikuta trei za mayai zinamsubiri. Sauti za wanawake sasa alizifanya mwenyewe, kwa kubana koo, na watu kwenye vibanda vya kuonyeshea filamu walicheka hata pale mama wa sinema alipokuwa analilia maiti.

*

Siku moja Theonest, mwenye duka la kuingiza filamu kwenye flashi na kibanda cha kuonyeshea jirani na karakana, aliingia bila kubisha hodi.

"Braza Isma, nimekuletea mzigo. Ya Kihindi, mpya kabisa. Maisha ya mchezaji mkubwa. Baba yake dobi, hana mbele wala nyuma, wanalala chini ya meza ya pasi. Leo hii akipita barabarani magari yanasimama."

"Mchezaji wa mpira?"

"Kriketi."

"Unaijua hiyo kriketi?"

"Mie Muhaya, kriketi nijulie wapi?" Theonest alicheka. "Kuna timu mbili, kuna mpira, kuna kushinda. Wewe weka maneno. Mwisho wa wiki ijayo nataka kuionyesha."

Ismail alikuwa na utaratibu wake. Filamu aliitazama kwanza yote bila kusimamisha, akiwa amekaa mikono mapajani kama aliyealikwa. Kihindi alijifunza mwenyewe kwa kutazama, na kile asichokielewa alikisoma kwenye nyuso.

Nusu ya kwanza aliielewa vizuri kuliko filamu yoyote aliyowahi kuifanya. Mtoto anaitwa Raghu. Baba yake ananyoosha nguo za timu ya mji kwa pasi ya mkaa, na mtoto anangoja baba atoke nje. Kisha anaichukua suruali nyeupe ya mchezaji, anaishikilia kiunoni kwake, inafika mpaka chini na kuburuta. Anasimama nayo hivyo mbele ya kioo kilichopasuka. Halafu anaikunja taratibu, mstari kwa mstari, na kuirudisha juu ya rundo kama alivyoikuta. Ismail aliirudia sehemu hiyo bila sababu ya kikazi.

Nusu ya pili ilikuwa mechi. Hapo alipotea kabisa. Watu wawili wenye mbao walikimbia kupishana, wakarudi, wakakimbia tena, na uwanja mzima ukalipuka kwa shangwe. Mara mmoja akaondoka ameinamisha kichwa na hakuna aliyemgusa. Ismail alifanya alichoweza. Aliweka maneno ya soka.

Theonest aliomba kipande cha kuonjesha watu, wakakiweka kibandani saa tisa alasiri. Benchi zilijaa. Ismail alisimama nyuma kabisa, karibu na mlango ambapo Mauwa alikuwa anauza mihogo ya kukaanga. Kwenye spika sauti yake ilinguruma: "Raghu anafunga goli la mia na kumi na nne!"

"Wee!" Stanley, dereva wa bodaboda aliyekuja Dar kutoka Moshi, alisimama. "Goli mia na kumi na nne? Kipa wao amefariki?"

"Kipa si ndiye yule aliyechuchumaa nyuma yake," alisema mwingine.

"Sasa kipa anakaa nyuma ya mfungaji anafanya nini? Anamlinda asipigwe upepo? Na goli lenyewe liko wapi? Mie naona vijiti tu, kama mtu anataka kuanika dagaa!"

"Nyie nyamazeni," Mauwa alipiga kelele kutoka mlangoni. "Labda kwao ndivyo wanavyocheza."

"Kwao wapi, dada? Mechi imesimama wanakunywa chai! Refa yupo anatazama, na yeye anatamani chai!"

Kibanda kizima kiliangua kicheko. Theonest alimgeukia Ismail kwa macho ya kuomba radhi, lakini Ismail hakuonekana kuumia. Alikuwa anafikiri.

"Wana haki," alisema. "Nimewadanganya."

Jioni hiyo alipopiga simu Bunju hakuuliza mvua.

"Yasmini, wewe si ulichezaga kriketi shuleni?"

Kisha akasikia kitu ambacho hakuwa amekisikia kwa muda mrefu. Yasmini alikuwa anacheka.

"Nani kakukumbusha hayo? Walikuja makocha shuleni kwetu, wakataka wasichana. Mie nilikuwa mlinda vijiti. Nilivunjwa kidole hiki cha mwisho, hukionagi kimepinda?"

Alikuwa anakiona. Alikuwa amekishika mara nyingi bila kuuliza.

*

Walifanya kazi kwa ujumbe wa sauti. Ismail alituma kipande cha filamu, na Yasmini akarudisha maelezo, akiongea huku anafua au anachambua mchele.

"Sikiliza. Huyu mwenye ubao kazi yake ya kwanza siyo kupiga. Kazi yake ya kwanza ni kulinda vile vijiti vitatu nyuma yake. Mpira ukivigusa, amekwisha. Ni kama unakaanga samaki na paka yupo nyuma yako. Kwanza umwangalie paka, ndiyo ugeuze samaki. Umeelewa? Haya. Sasa wako wawili, mmoja huku, mmoja kule. Mpira ukienda mbali wanakimbia, wanapishana, kila mmoja anafika alipokuwa mwenzake. Hiyo inaitwa mbio moja. Siyo goli, Isma, utaniua na goli lako. Sasa cha muhimu. Hawakimbii kibubu. Lazima waitane. Mmoja anauliza, nije? Mwenzake anajibu, njoo, au kaa. Mmoja akikimbia na mwingine amesimama, mnajikuta wawili upande mmoja, na mmoja wenu anatoka. Tulikuwa tunatolewa kila mechi kwa ajili ya hilo. Mwenzangu alikuwa Jesca, mpole kama wewe. Anakaa kimya, ananitazama tu, anadhani nitajua."

Ismail aliusikiliza ujumbe huo akiwa amevaa spika za masikioni, macho ameyafumba. Aliyasikia maelezo, akayaelewa. Kisha akaurudia ili asikilize vilivyokuwa nyuma yake. Kulikuwa na maji yanayomiminwa kwenye karai. Kulikuwa na nyundo, mtu anajenga jirani. Kuku. Halafu sauti nzito ya Bi Somoe, ulimi umelalia upande mmoja: "Mini! Mini, nigeuze!" Na Yasmini, akiwa ameweka simu chini bila kuizima, anapumua kwa nguvu, moja, mbili, kama mtu anayeinua gunia. Kisha kimya. Kisha anarudi kwenye simu na kuendelea kuhusu kriketi, na pumzi bado haijatulia.

Ismail alivua spika za masikioni na kukaa. Karakanani walikuwa wamewasha mashine ya kukatia chuma, kwa hiyo hakuweza kurekodi hata kama angetaka.

Aliifanya upya nusu ya pili yote. Aliondoa magoli. Aliweka vijiti, mbio na mrushaji, na kila Raghu na mwenzake walipotaka kukimbia aliwapa maneno yao: "Nije?" "Njoo!" "Nije?" "Kaa, kaa hapo hapo!" Ghafla mechi ikawa na maana. Hata yeye mwenyewe alijikuta anaogopa kwa ajili yao.

Ilibaki sauti ya Meena, mke wa Raghu. Ismail alijaribu kubana koo, akajisikia, akafuta. Akamwandikia Yasmini: Unaweza kunisaidia Meena? Ni maneno machache.

Yasmini alijifunika blanketi kichwani ili chumba kisivume, akarekodi kwa simu. Vipande vilikuja kimoja kimoja, safi, kila neno likianza pale midomo ya Meena inapoanza na kwisha pale inapokwisha. Hakuwa amesahau chochote. Ismail alivipanga kimya kimya, na chumba chenye trei za mayai kikawa na sauti mbili tena.

Kilibaki kipande cha simu. Raghu yuko ugenini na timu ya taifa, kesho ni fainali. Nyumbani baba yake dobi anaumwa, na Meena ndiye anayemuuguza. Raghu anapiga simu. Katika filamu yenyewe Meena anamwambia huku salama, asijali, acheze. Hivyo ndivyo Ismail alivyomwandikia. Yasmini hakujibu siku hiyo. Kesho yake mchana ukaja ujumbe mmoja mfupi.

"Kila ukipiga simu unaniuliza mvua," ilisema sauti ya Yasmini, sauti yake ya kawaida, siyo ya Meena. "Mvua ikinyesha nitakwambia hata usipouliza. Kuna jambo huniulizi. Niulize."

Ismail alidhani Yasmini amekosea, amerekodi kitu kingine. Akakiweka juu ya picha ili aone. Midomo ya Meena ilifunguka kwenye neno la kwanza na kufumba kwenye neno la mwisho. Alikuwa amepima.

Baada ya hapo kwenye filamu Raghu anajibu. Kamera imemchukua kisogoni, amesimama dirishani na simu sikioni, na mbali zinasikika kelele za mashabiki mtaani. Mdomo wake hauonekani. Neno lolote lingekaa pale.

Ismail alisubiri mafundi wa mageti waende kula, akafunga mlango, akasema kwenye kipaza sauti, "Utarudi lini?" Akajisikiliza. Ilikuwa sauti ya mtu aliyekuja kudai. Akafuta. Akasema tena, polepole zaidi, ikawa sauti ya mtu anayejihurumia. Akafuta. Akajaribu, "Unakula vizuri?" na kabla hajamaliza alijua ni mvua ile ile. Akafuta hiyo pia.

Katika kazi hiyo hakuna kuacha pengo. Mtu wa kibandani akiona picha ya mtu anaongea na hasikii kitu, anadhani mashine imekufa, anapiga kelele "Sauti!" na kurusha vifuniko vya soda. Ismail hakuwahi kuacha pengo hata moja. Safari hii aliliacha.

"Vipi, imekwisha?" Theonest aliuliza siku iliyofuata.

"Bado pengo dogo."

"Watu wananisumbua, braza. Stanley anapita kila asubuhi anauliza kama kipa amefufuka."

"Jumamosi," alisema Ismail. "Naipeleka Bunju kwanza."

Hilo Theonest hakulibishia. Alijua kwamba nakala ya kwanza siku zote ilisikilizwa na Yasmini.

*

Nyumba ya Bi Somoe ilikuwa mwisho wa barabara ya vumbi, katikati ya nyumba nyingine zinazojengwa. Upande wa mbele ulikuwa umekamilika. Nyuma kulikuwa na chumba kipya kilichoezekwa lakini hakijapigwa plasta, ambacho Ismail hakukumbuka kukiona alipokuja mara ya mwisho.

"Hodi wenyewe."

"Karibu!" Yasmini alitoka anafuta mikono kwenye kanga. Alikuwa amepungua. Walishikana mikono, wakaachiana, na hakuna aliyetaja ule ujumbe.

Ismail alivua viatu ukumbini, akasimama mbele ya pazia. "Shikamoo mama."

"Marahaba, mkwe wangu. Hujambo?"

"Sijambo mama. Unaendeleaje?"

"Naendelea. Upande huu naendelea, upande huu umegoma. Umeleta sinema?"

"Nimeleta, mama."

"Ina mapanga?"

"Haina. Ya michezo."

"Haya. Si neno."

Yasmini alichomeka flashi kwenye televisheni. Ismail alikaa kwenye kigoda ukumbini, mgongo ukutani, na filamu yake akaisikiliza kupitia kitambaa. Ilikuwa ajabu kusikia kazi yake hivyo, bila picha. Alimsikia mtoto Raghu, alisikia pasi ya mkaa, akajua ni wakati gani suruali nyeupe inakunjwa kwa sababu hapo hapakuwa na sauti ila ya kitambaa. Bi Somoe alisema, "Maskini, ingemfaa hiyo suruali."

Mechi zilipoanza Bi Somoe aliuliza vijiti ni vya nini, na Yasmini akamwambia habari ya samaki na paka. Mama akaelewa mara moja. Muda si mrefu alikuwa anacheza naye. Raghu aliposema "Nije?" Bi Somoe alijibu kabla ya mwenzake kujibu.

"Kaa! Kaa wewe, utatolewa!"

"Nije?"

"Njoo! Haraka, miguu hiyo! Mini, huyu mnene ndiye anayemchelewesha."

Ismail alitabasamu peke yake ukumbini. Upepo ulisogeza pazia, na kupitia upenyo akaona kiti. Bi Somoe alikuwa ameteleza upande mmoja. Yasmini aliinama nyuma yake, akapitisha mikono chini ya makwapa, akaweka goti kwenye kiti na kuvuta. Mara ya kwanza mama hakusogea. Yasmini alipumzika, akaweka paji la uso kwenye bega la mama yake, kisha akavuta tena. Ismail alikuwa ameshanyanyuka nusu. Akakumbuka alipo, akakaa. Mikono yake aliibana katikati ya magoti. Pazia likarudi mahali pake, na nyuma yake akasikia zile pumzi alizozisikia kwenye simu.

Filamu iliendelea. Ikafika usiku wa kuamkia fainali, ikafika simu.

"Kila ukipiga simu unaniuliza mvua," ilisema sauti ya Yasmini kutoka kwenye televisheni. "Mvua ikinyesha nitakwambia hata usipouliza. Kuna jambo huniulizi. Niulize."

Kisha pengo. Kelele za mashabiki, mbali, chini ya dirisha la Raghu.

"Mbona hajibu?" alisema Bi Somoe. "Televisheni imekatika?"

"Haijakatika, mama."

Ukumbini Ismail alikuwa amefungua mdomo. Neno aliloshindwa kulisema Chang'ombe lilikuwa utarudi lini, na sasa aliona kwa nini lilishindikana. Halikuwa swali lake la kuuliza. Alisogea karibu na pazia mpaka kitambaa kikamgusa puani, na kwa sauti yake ya kila siku, ile ambayo muuza duka huomba irudiwe, akauliza:

"Nije?"

"Njoo!" alijibu Bi Somoe papo hapo.



"Mama," alisema Yasmini, na sauti yake haikuwa imara, "unamjibu mchezaji."

"Namjibu huyo wa ukumbini. Upande wa masikio haujagoma." Bi Somoe alikohoa. "Anauliza kuja wapi? Si ameshakuja?"

"Anauliza kuja kukaa."

Mama aliongea polepole, akitafuta maneno kwa ule ulimi wake. "Kwetu Newala mwanamume ndiye anayekuja. Marehemu baba yako alikuja na jembe na mkeka, akakaa kwa mama yangu mpaka tukajenga ya kwetu. Huyu nilimwona anakuja na machungwa, anakaa ukumbini, anaondoka. Nikasema labda watoto wa mjini hawafundishwi."

"Niliona aibu, mama," alisema Ismail kwa pazia. "Mkwe kukaa karibu yako. Hali yenyewe hii. Niliona ni kukuvunjia heshima."

"Heshima ipo. Wewe utakula huko, mie nitakula huku. Lakini huyu mtoto mgongo unamuuma, hasemi tu." Akashusha sauti. "Siku ukininyanyua, nitafumba macho."

Ismail alisema tu, "Ahsante, mama," na hakuna uhakika kama ilisikika.

Pazia lilisogezwa, Yasmini akatoka. Alimpita bila kumtazama, akashuka ngazi moja ya ukumbi, akazunguka nyumba. Ismail alimfuata bila viatu. Yasmini alisimama mlangoni mwa kile chumba kipya, amempa mgongo.

"Mama amekujibu," alisema. "Mie sijakujibu."

"Najua."

"Kila jioni simu ikilia nasema leo atauliza. Halafu mvua. Nilifika mahali nikaichukia mvua, Ismail."

"Nilidhani ukiulizwa utaona nakuvuta."

"Ndiyo. Ulidhani." Aliufuta uso kwa ncha ya kanga. Kisha akausukuma mlango, ambao ulikuwa ubao tu uliosimamishwa. "Ingia."

Chumba kilikuwa kitupu. Kilinukia saruji. Mafundi walikuwa wameacha ndoo na mchanga pembeni. Ismail alitazama kuta, kisha dirisha. Lilikuwa dogo kuliko madirisha yote ya nyumba ile, tena limewekwa juu, upande usio na barabara. Mtu akilijaza sponji, hata lori likipita lisingesikika.

"Fundi alibishana na mie," alisema Yasmini. "Akasema sista, chumba kitakuwa na joto, dirisha gani hili. Nikamwambia weka hivyo hivyo."

"Lini hiyo?"

"Walipoanza msingi."

Ismail alilitazama tena dirisha. Sebuleni fainali ilikuwa inaendelea bila wao, sauti yake nyingine ikinguruma kwa watu wote wawili wenye mbao, na Bi Somoe peke yake anawaamrisha, kaa, njoo, kaa.

"Wewe ulisema wawili wakiwa upande mmoja, mmoja anatolewa," alisema Ismail.

"Hii si kriketi." Yasmini aliegemea ukuta mbichi, akakunja mikono, na kile kidole kilichopinda kikabaki nje. "Haya. Fanya ulichokuja kufanya."

Ismail alipiga kofi moja. Sauti ilizunguka kwenye kuta tupu, ikarudi, ikarudi tena.

"Kinavuma," alisema.

"Hakina dari bado. Na trei hakina," alisema Yasmini. "Piga tena."

Akapiga tena, na safari hii wakainamisha vichwa wote wawili.